Wenye Nyumba Wako Wapi? Gemu za Bunduki na Vita Vyetu, Kutoka Muyinga Hadi Gitega

Miezi mitatu ya mwisho ya mwaka 1993 ilikuwa mizito. Tarehe 3 na 4 Oktoba, Mogadishu, wanajeshi wa Marekani walipigana na wapiganaji wa Kisomali mchana na usiku kucha; Wamarekani 18 wakafa, na Wasomali mamia. Tarehe 21 Oktoba, Bujumbura, Rais Melchior Ndadaye akauawa, hata miezi mitano haijatimia tangu achaguliwe. Vita vikaanza, watu laki kadhaa wakavuka mipaka kuingia Rwanda, Tanzania na Zaire. Halafu tarehe 10 Desemba, huko Texas, vijana wachache wa kampuni inayoitwa id Software wakatoa gemu ya kompyuta. Jina lake Doom.

Mimi nilizaliwa mwaka huo huo, Uvira. Wakati ule Warundi ndio waliokuwa wanakimbilia kwetu. Miaka tisa baadaye zamu ikageuka: mwaka 2002 sisi ndio tukavuka, tukapita Gatumba na vifurushi kichwani, mwishowe tukapelekwa ndani ya nchi, kambi ya Gasorwe, mkoa wa Muyinga. Kwa hiyo historia ya gemu za bunduki na historia ya vita vyetu zimetembea pamoja kwenye kalenda moja, lakini hazijawahi kusalimiana. Leo naishi Gitega, kazi yangu ni kutengeneza kompyuta, na mwaka huu nimezirudia zile gemu za zamani moja baada ya nyingine. Nataka kuandika nilichokiona humo.

Kwanza nijibu swali ambalo watu wa mashirika wameniuliza mara nyingi: gemu hizo zilifikaje Muyinga, wakati kambini hakukuwa na umeme?

Zilifika kwa sababu zilitengenezwa ili zisambae. Doom ilikuwa na sehemu tatu. Ya kwanza ilitolewa bure, na ruhusa ilikuwa wazi kabisa: nakili, mpe jirani. Aliyependa ndiye aliyelipia sehemu mbili zilizobaki. Hiyo ya bure iliingia kwenye disketi mbili tu. Ulaya na Marekani watu wakanakiliana maofisini na vyuoni. Kwetu ile habari ya kulipa haikufika, bwana. Iliyofika ni ile ya kunakili. Tukaitumia kwa gemu zote, za bure na zisizo za bure.

Jambo la pili ni kompyuta zenyewe. Ofisi za Ulaya zilipobadilisha mashine zao, zile za zamani zikaja Afrika. Mwaka 2008 pale Muyinga mjini, mashine ya kisasa kwetu ilikuwa na umri wa miaka saba au minane. Haikuweza kubeba gemu mpya. Iliweza kubeba Half-Life ya 1998, Counter-Strike iliyoanza 1999, na gemu moja ya Wanorwe iliyotoka mwisho wa mwaka 2000, ambayo dunia yote inaiita IGI. Ndiyo maana ukiwakuta watu wa umri wangu waliokulia Muyinga wanazungumzia IGI kama utoto wao, usishangae. Kwingine ilikuwa imeshazeeka. Kwetu ndiyo kwanza ilikuwa inafika.

Tulikuwa tunaomba karatasi ya kutoka kambini, tunatembea kwa mguu hadi mjini, tunalipa faranga 100 kwa robo saa kwenye duka moja la kuchapa barua na kutoa kopi. Mwenye duka alikuwa na mashine mbili. Asubuhi zilichapa maombi ya kazi, jioni zilikuwa zetu. Wale wasiokuwa na pesa walisimama nyuma kutoa ushauri, na ushauri ulikuwa mwingi kuliko pesa. IGI ilikuwa katili kwa watu kama sisi: ndani ya misheni huwezi kuhifadhi ulipofika. Ukifa, unarudi mwanzo kabisa. Robo saa inaisha hujavuka hata uzio wa kwanza, na kengele ikishalia ndiyo basi, walinzi wanatoka kwenye jengo lao kama siafu.

Wazazi walilalamika. Mama yangu aliuliza swali moja tu: "Vita mulivyoona havikuwatosha?" Ni swali zuri, na wafanyakazi wa misaada pia huliuliza kwa maneno marefu zaidi. Kwa nini mtoto aliyekimbia risasi anatembea saa nzima kwa miguu kwenda kulipia risasi?

Jibu langu ni kwamba ndani ya mashine sisi ndio tulikuwa na bunduki. Uvira tulikuwa chini ya kitanda. Hatukujua nani anapiga, anampiga nani, na itaisha lini. Ndani ya IGI kuna ramani, kuna lengo lililoandikwa, kuna mlango wa kutokea. Unajua adui ni nani. Na ukifa, unaamka. Hivyo ni vita vilivyopangwa vizuri kuliko vita vyovyote nilivyowahi kusikia, na kwa mtoto ambaye hakupangiwa chochote, mpangilio ni kitu kitamu.

Lakini si wote walicheza. Pale kambini palikuwa na kaka mmoja, mkubwa kwetu, ambaye alikuwa amepitia jeshini akiwa mdogo. Wasomaji kutoka Kongo wanalijua neno kadogo. Mwaka 1996 na 1997, jeshi la AFDL lilipotembea kutoka Kivu hadi Kinshasa kumng'oa Mobutu, lilikuwa na watoto wengi wenye bunduki, na hao ndio walioitwa hivyo. Makundi yaliyofuata katika vita vya 1998 nayo yaliendelea kuwachukua watoto. Huyu kaka alikuja nasi mjini mara moja, akakaa karibu na mlango. Akamtazama Jones, yule shujaa wa IGI, anapanda ngazi na bunduki tatu mwilini. Akauliza: "Uzito wake uko wapi?" Baadaye akauliza tena: "Huyu hasikii kiu?" Akatoka nje kutungoja. Hakukasirika wala hakutukemea. Kile kitu hakikumhusu.

Nimeyafikiria sana maswali yake mwaka huu, maana kuna historia inayoyagusa. Tarehe 4 Julai 2002, jeshi la Marekani lilitoa gemu yake lenyewe, bure, inaitwa America's Army. Lengo halikufichwa: kuwavuta vijana wajiunge na jeshi. Yaani upande mmoja wa dunia jeshi linalipa wataalamu watengeneze mchezo ili kijana apende bunduki. Upande mwingine, miaka hiyo hiyo, mtoto anachukuliwa njiani akitoka shule, bila mchezo wowote. Wa kwanza alionyeshwa vita visivyo na uzito. Wa pili alipewa uzito bila kuonyeshwa chochote.

Sasa nije Gitega. Mji huu umekuwa makao makuu ya kisiasa ya Burundi tangu mwaka 2019, na una jumba la makumbusho lililoanzishwa 1955. Watu huenda kuangalia ngoma, vikapu na vitu vya enzi za wafalme, ili wawajue waliovitumia. Hakuna anayedhani kwamba ukiangalia kiti cha mfalme unataka kutawala. Mimi naziangalia gemu hizi vivyo hivyo. Ni vitu vya kale sasa. Nataka kujua waliozitengeneza waliionaje vita, na waliwaonaje watu kama sisi.

Nilianza na Doom. Leo inacheza kwenye mashine yoyote ile, kwa sababu Desemba 1997 wenyewe waliuachia umma kodi ya programu yake, na watu wakaipeleka kila mahali. Nilichokiona ni hiki: maadui wa Doom si maumbo kamili, ni picha bapa zinazogeuzwa kukuelekea. Adui aliye hai amechorwa kutoka pande nane, ndiyo maana unaona mgongo wake akienda. Lakini maiti imechorwa upande mmoja tu. Ukiizunguka, inakugeukia. Zunguka tena, inakugeukia tena. Sababu ni ya kiufundi: kuokoa nafasi kwenye disketi. Nikiwa kijana nililiona bila kulitilia maanani. Nikiwa mtu mzima niliisimamisha gemu nikatengeneze chai.

Halafu nikafungua Counter-Strike. Hii ilianzishwa na wanafunzi wawili, Minh Le na Jess Cliffe, juu ya mwili wa Half-Life. Ramani yake moja inayojulikana sana inaitwa Dust, na ilichorwa na kijana wa Uingereza, Dave Johnston. Ni mji wa kahawia wa nchi za joto: kuta za udongo, matao, masanduku, njia nyembamba. Mpwa wangu wa kike, ana miaka minane, alikuwa ameegemea bega langu. Ramani ile niliichezea mamia ya saa nikiwa kijana. Yeye aliitazama kama dakika mbili, akauliza: "Mjomba, sasa benye izi nyumba bako wapi?"

Nikatazama. Kweli, milango ipo, madirisha yapo, hata kivuli cha jioni kipo. Hakuna sufuria. Hakuna nguo kwenye kamba. Hakuna kuku. Pamejengwa kama soko lakini muuzaji hakuna. Watu wa ule mji wameondoka wote kabla ya mchezo kuanza, na hakuna aliyeandika walikokwenda.

Mimi najua walikokwenda, na wewe unayesoma hapa kambini unajua. Walikwenda mpakani.

Tangu siku hiyo nimekuwa nikiwatafuta. Katika ramani nyingine za Counter-Strike wapo mateka, na mateka ana bei: ukimwokoa unaongezewa pesa ya kununua silaha, ukimuua unakatwa. Hiyo ndiyo hesabu yake yote. Nikafungua Delta Force: Black Hawk Down ya mwaka 2003, ambayo ni ile Mogadishu ya Oktoba 1993. Misheni yake ya kwanza inahusu msafara wa Umoja wa Mataifa uliokwama njiani na unapaswa kulindwa. Nikacheka peke yangu. Malori ya msaada yapo, tena yamechorwa vizuri. Foleni haipo! Mama aliyeamka saa tisa za usiku kuweka jiwe lake kwenye mstari hayupo. Ukicheza hii gemu bila kuwahi kuishi kambini, utadhani chakula kinaletwa kwa ajili ya lori.

Kuna sababu za haki za jambo hili, na sitaki kuwaonea watengenezaji. Mashine za miaka ile zilikuwa dhaifu. Kila mtu unayemweka kwenye skrini anakula nguvu: achorwe, atembee, asigonge ukuta. Ukiwa na nguvu ya kuchora watu kumi tu, utawachora kumi wenye bunduki, kwa sababu ndio wanaouza gemu. Kuna pia woga wa biashara: ukiweka raia, mchezaji ataweza kumpiga, na hapo magazeti yatakupigia kelele. Njia rahisi ni kuutoa mji wote watu wake. Nalielewa. Ila mashine zikapata nguvu, na mji ukabaki mtupu.

Gemu moja ilijaribu kitu kingine, na sikuwahi kuicheza zamani kwa sababu mashine za Muyinga zisingeiweza. Ni Far Cry 2, imetoka Oktoba 2008, imetengenezwa Montreal, Kanada. Inatokea katika nchi ya Afrika isiyo na jina, makundi mawili yanapigana, na wewe mamluki uliyekodiwa unaumwa malaria tangu siku ya kwanza. Njiani hakuna raia hata mmoja, kila unayekutana naye anakupiga. Lakini dawa zikikuisha, lazima uzipate kwa raia waliojificha ndani ya nyumba. Na wao wanataka nini kwako? Si pesa. Wanataka karatasi za safari ili watoke nchini. Unaleta karatasi, wanakupa vidonge.

Nilikaa kimya mbele ya ile skrini. Katika gemu zote nilizorudia, hiyo ndiyo mara ya kwanza nilijikuta ndani yake, na nilijikuta nikiwa chumba cha nyuma, nimefunga mlango, nangojea karatasi. Waliotengeneza walikuwa wamelifahamu jambo moja la kweli juu ya vita: kwamba watu wengi ndani yake hawashambulii wala hawatetei, wanangoja. Sisi tuliokuwa tunaomba karatasi hata kwenda mjini kucheza IGI, tungeielewa misheni hiyo bila maelezo.

Na kuna namna nyingine ya kuwemo ambayo haionekani. Ndani ya kompyuta kuna vipande vidogo vya kutunza umeme vinavyotumia madini ya tantali, na tantali hupatikana kwenye koltani. Mwaka 2000 bei ya madini hayo ilipaa duniani kwa sababu ya simu, kompyuta na mashine za gemu, na Kivu ikajaa wachimbaji na wenye silaha. Aprili 2001 wataalamu wa Umoja wa Mataifa waliripoti jinsi koltani ilivyokuwa inalipia vita vya Kongo. Ukiziweka tarehe pamoja utaona: mwaka IGI inatoka ndio mwaka ule ardhi yetu inapanda bei. Kwenye picha hatupo, lakini ndani ya sanduku udongo wetu umo.

Baadaye wengine walianza kusogeza kamera. Novemba 2014 kampuni ya 11 bit ya Warsaw ilitoa This War of Mine, iliyochukua fundisho la Sarajevo, mji uliozingirwa kuanzia Aprili 1992. Humo si mwanajeshi, ni raia ndani ya nyumba iliyobomoka, unatafuta chakula na dawa usiku. Mwaka 2017 gemu ya kijeshi ya Arma 3, ya Wacheki, ilipata nyongeza kuhusu sheria za vita, iliyotengenezwa kwa ushirikiano na Kamati ya Kimataifa ya Msalaba Mwekundu. Mchezaji anakuwa mfanyakazi wa misaada anayetegua mabomu, na anarudi kijijini kuelewa nini kiliwapata wenyeji. Wafanyakazi wa misaada wanaosoma hapa, na ninyi mmeingia kwenye gemu! Imechukua miaka zaidi ya ishirini tangu Doom.

Aliyekwenda mbali kuliko wote alitoka kambini. Lual Mayen ni Msudani Kusini aliyezaliwa familia yake ikiwa njiani kukimbia vita, akakulia kaskazini mwa Uganda. Alipoona kompyuta kwa mara ya kwanza, alimwomba mama yake amnunulie. Mama alidunduliza miaka mitatu, kimyakimya, akamnunulia laptopu. Kuichaji ilikuwa safari ya masaa kwa miguu. Gemu aliyoikuta ni ya bunduki, Grand Theft Auto: Vice City, kama ambavyo sisi tulikuta IGI. Akajifunza mwenyewe kuandika programu, akatengeneza Salaam: mchezaji ni mkimbizi, anakimbia mabomu, na lazima apate maji, chakula na dawa. Mwaka 2018 alitambuliwa kwenye sherehe kubwa ya tuzo za gemu huko Marekani. Namtaja si kwa sababu ya tuzo. Namtaja kwa sababu alicheza gemu zile zile tulizocheza, akaona pengo lile lile alilouliza mpwa wangu, akalijaza.

Kwa hiyo kwa wazazi na kwa watu wa mashirika, neno langu ni dogo. Ukimkuta kijana anacheza gemu ya bunduki, usikimbilie kuandika kwenye ripoti kwamba anatamani vita. Wengi wetu tulitamani ramani na mlango wa kutokea. Kaa naye, umuulize swali la yule mtoto wa miaka minane. Na ukimkuta kijana amekaa mlangoni hataki kucheza, huyo ndiye wa kumsogelea taratibu, bila karatasi mkononi.

Kwa vijana wenzangu wenye kompyuta za zamani kwenye vituo vya mafunzo, nina jambo la kazi. Kwa kuwa kodi ya Doom iko wazi, kuna toleo lenye picha za bure kabisa linaloitwa Freedoom, na programu za kuchora ramani zake ni bure pia. Hazihitaji intaneti ukishazipata kwenye flashi. Mashine iliyochoka inaziweza. Nimeanza kuchora kilima cha Gasorwe: njia ya kutoka barabarani, nyumba zilivyopangwa kwa mistari, shule, bomba la maji. Kuta ni rahisi, jioni mbili zinatosha.

Ugumu ni watu. Injini ya 1993 inajua kumfanya mtu afanye mambo mawili: akufuate akuue, au afe. Kusimama kwenye foleni haijui. Kuazima chumvi haijui. Inabidi uifundishe mstari kwa mstari, na wiki ya tatu hii bado napambana na mama mmoja tu, asimame kwenye bomba na kidumu chake, ageuke akuangalie unapopita, kisha aendelee na shughuli zake. Jana aligeuka.